Tamko Kuhusu Mapitio ya Mipaka na Hatima ya Eneo Bunge la North Horr

Sisi, wanachama wa chama cha wakazi na wazaliwa wa eneo bunge la North Horr, Kaunti ya Marsabit, tunaotoka katika wadi zote tano za Dukana, Maikona, Turbi, North Horr na Illeret, tunatoa tamko hili kwa Tume Huru ya Uchaguzi na Mipaka (IEBC), kwa Bunge la Taifa na Seneti, kwa Bunge la Kaunti ya Marsabit, na kwa Wakenya wenzetu wote.

Tunatamka mapema, ramani mpya zikiwa bado hazijachorwa. Katiba inampa asiyeridhika na mipaka siku 30 tu za kwenda Mahakama Kuu, zikihesabiwa tangu siku mipaka hiyo inapochapishwa katika Gazeti Rasmi la Serikali. Siku hizo ni chache mno kwa mfugaji aliyeko na ngamia wake nyuma ya Forolle, ambaye habari za Nairobi humfikia lori la mifugo linapopita. Tukingoja ramani ndipo tuseme, tutakuwa tumechelewa.

Msimamo wetu ni huu: eneo bunge la North Horr lisifutwe, lisimegwe, wala lisiunganishwe na eneo bunge jingine lolote. Sababu zetu tunazieleza hapa kwa kirefu, kwa kuwa tunajua wako Wakenya wengi wenye nia njema ambao wameliona jina la North Horr kwenye orodha tu na hawajawahi kufika kwetu.

Tuanze na hesabu, maana ndiyo inayotumiwa dhidi yetu. Kifungu cha 89 cha Katiba ya 2010 kimeweka maeneo bunge 290, na kinataka kila moja likaribie wastani wa watu unaopatikana kwa kugawa Wakenya wote kwa idadi hiyo. Katika majiji na sehemu zenye watu wachache waliotawanyika, idadi inaweza kupungua au kuzidi wastani kwa asilimia 40. Kwingineko ni asilimia 30. Mapitio ya mwaka 2012 yalitumia sensa ya 2009, na wastani ulikuwa watu 133,138. North Horr ilikuwa na watu takriban 75,000. Tulikuwa chini hata ya kile kiwango cha mwisho kinachoruhusiwa, na tulinusurika kwa sababu Jedwali la Sita la Katiba lilikataza mapitio ya kwanza kufuta eneo bunge lolote lililokuwapo. Maeneo bunge 27 nchini yalilindwa kwa njia hiyo, sisi tukiwamo. Ulinzi huo ulikuwa wa mara moja tu. Mapitio yajayo hayatakuwa nao.

Sensa ya 2019 ilihesabu Wakenya 47,564,296. Ukigawa kwa 290 unapata wastani wa watu 164,015, na kiwango cha chini kabisa kwa sehemu kama yetu kinakuwa watu 98,409. Kaunti nzima ya Marsabit, kubwa kuliko kaunti nyingi za Kenya zikiunganishwa, ilihesabiwa watu 459,785. Kwa kikokotoo peke yake, viti vyetu vinne vya Moyale, Saku, Laisamis na North Horr havifiki hata vitatu. Yeyote aketiye mezani na karatasi hiyo, bila ramani pembeni, atatafuta pa kukata, na jicho lake litaanzia kwetu.

Sasa tunaomba ramani ifunguliwe. North Horr ina karibu kilomita za mraba 39,000. Hakuna eneo bunge kubwa zaidi ya hili nchini Kenya, na nchi nzima ya Rwanda au ya Burundi ingeenea ndani yake na nafasi ikabaki. Barabara ya lami ya kutoka Isiolo kwenda Moyale inatugusa upande wa mashariki tu, pale Bubisa na Turbi. Ukiiacha lami ukielekea magharibi unapita Maikona na visima vyake, kisha Kalacha yenye chemchemi na mikoma, halafu unalikabili jangwa la Chalbi, ambalo zamani sana lilikuwa ziwa na leo ni uwanda wa chumvi. Wakati wa kiangazi gari hulikata Chalbi moja kwa moja. Mvua ikinyesha, hata ile ya saa chache, uwanda huo hugeuka tope, na lori linalothubutu kuingia hubaki humo. Watu huzunguka, au hungoja. Baada ya Chalbi ndipo unapofika mji wenyewe wa North Horr, na hapo bado hujafika Dukana, Balesa wala Forolle kwenye mpaka wa Ethiopia. Illeret iko mbali zaidi, kwenye ukingo wa Ziwa Turkana, ng'ambo ya hifadhi ya Sibiloi.

Katikati ya yote hayo kuna Milima ya Huri, yenye nyasi nzuri na ukungu wa asubuhi, lakini isiyo na maji. Hali hiyo peke yake inaeleza maisha yetu yote: malisho yako hapa na maji yako kule, na mtu huishi akisafiri kati ya mawili hayo. Mama na watoto hubaki karibu na kisima pamoja na mifugo michache ya maziwa. Vijana huenda na kundi kubwa kwenye kambi za mbali tunazoziita fora, na huko hukaa miezi. Mtu wa North Horr ana makao, ila makao hayo yana mapana ya siku kadhaa za kutembea.

Mwakilishi wa watu hawa hawezi kufanya kazi kama mwenzake wa mjini. Eneo bunge la Mathare jijini Nairobi lilihesabiwa watu zaidi ya 200,000 katika kilomita za mraba zipatazo tatu. Mbunge wa Mathare anaweza kuzunguka eneo lake lote kwa miguu kabla ya saa sita mchana. Tunasema hivi kwa heshima, kwa kuwa wakazi wa Mathare nao wana dai la haki: kura ya mtu wa Mathare haifai kuwa nyepesi kuliko ya mtu wa Dukana, na shida za Mathare ni nzito. Hatupingani nao. Kama Mathare na maeneo mengine yenye msongamano yanahitaji wabunge zaidi, tutakuwa upande wao kulidai hilo. Tunachokataa ni kiti cha Mathare kupatikana kwa kumnyang'anya mchunga ngamia mwakilishi wake.

Katiba yenyewe haikutaka watu wahesabiwe vichwa tu. Kifungu hichohicho cha 89 kinaitaka Tume izingatie sura ya nchi, mahusiano ya jamii katika historia, uchumi na utamaduni, na njia za mawasiliano. Kwa kila moja ya vigezo hivyo North Horr ina hoja. Shida ni kwamba vigezo hivyo vimefungiwa ndani ya ile asilimia 40. Tunaamini mpaka huo uliwekwa bila kufikiria nchi kama yetu, ambako asilimia 40 inaisha kabla gari halijavuka Chalbi.

Lipo pia swali la sensa, na hapa tunaomba tusikilizwe kwa makini. Sensa ya 2009 na ya 2019 zote zilifanywa usiku wa tarehe 24 Agosti. Uchaguzi mkuu, kwa mujibu wa Katiba, hufanyika Jumanne ya pili ya Agosti kila mwaka wa tano, na ujao utaangukia tarehe 10 Agosti 2027. Kwetu Agosti ni kiangazi. Mvua za masika, tunazoziita ganna, zimekwisha zamani, na za vuli, hagaya, bado miezi miwili kuanza. Ndio wakati fora ziko mbali zaidi, nyingine zimevuka mpaka kufuata malisho upande wa Ethiopia. Tunahesabiwa tukiwa tumetawanyika, tunaitwa kupiga kura tukiwa tumetawanyika, halafu tunaambiwa sisi ni wachache. Wachache tuko, hatukatai. Lakini tunaamini tungehesabiwa mwezi wa Mei, mifugo ikiwa imerudi karibu na nyumba, idadi yetu ingeonekana tofauti.

Baadhi ya wanasiasa wameleta kaulimbiu ya mtu mmoja, kura moja, shilingi moja. Inavutia masikioni. Kwa hiyo tunaitaka Kenya ikumbuke shilingi zilikuwa wapi miaka yote iliyopita. Sheria za kikoloni za 1902 na 1934 zilitufanya wilaya iliyofungwa, ambamo mtu hakuingia wala kutoka bila kibali. Baada ya uhuru, sheria za hali ya hatari zilizotungwa kwa ajili ya Kaskazini Mashariki na wilaya jirani zilituhusu na sisi wa Marsabit, nazo ziliondolewa mwaka 1991. Kati ya hapo, Waraka wa Bunge Namba 10 wa 1965 uliamua kwamba fedha za maendeleo zipelekwe kwenye ardhi yenye rutuba na mvua, ili zizae zaidi. Hakuna aliyesema wakati ule kwamba kila Mkenya astahili shilingi sawa. Lami ya Isiolo hadi Moyale ilikamilika miaka zaidi ya 50 baada ya bendera ya uhuru kupandishwa. Marsabit ilipotajwa miongoni mwa kaunti 14 zilizostahili Hazina ya Usawazishaji, Jamhuri ilikuwa imekiri kwa kinywa chake kwamba tuliachwa nyuma. Hazina hiyo imewekewa muda wa miaka 20 tangu Katiba kuanza kutumika, yaani hadi 2030, na muda huo uko mlangoni. Kufuta eneo bunge wakati deni halijalipwa ni kumwondoa anayelidai.

Tuseme pia juu ya amani, kwa kuwa hilo ndilo linalotunyima usingizi.

Tarehe 12 Julai 2005 Turbi ilivamiwa alfajiri, na watoto wa shule ya msingi waliuawa pamoja na wazazi wao. Majirani waliolipiza na waliolipiziwa walizika watu wao wiki hiyohiyo. Tarehe 10 Aprili 2006 ndege ya kijeshi iliyokuwa imebeba viongozi kwenda Marsabit kutafuta suluhu ilianguka karibu na mji huo. Katika asubuhi moja tuliwapoteza wabunge wote wanne wa maeneo yetu: Bonaya Godana wa North Horr, Guracha Galgallo wa Moyale, Abdi Sasura wa Saku na Titus Ngoyoni wa Laisamis. Walikuwa wa jamii tofauti, na walipanda ndege moja kwa kuwa kila mmoja alikuwa na watu wake wa kuwasemea mezani. Meza ile ilikuwa na viti vinne. Wazee wetu bado wanaikumbusha siku hiyo katika kila baraza la amani.

Anayependekeza North Horr iunganishwe na Saku, au na Laisamis, au na sehemu ya Moyale, anapendekeza Wagabra, Waborana, Warendille, Waburji, Wadasanach na wengineo wagombee kiti kimoja mahali walipokuwa na viwili. Mipaka ya maeneo bunge ya Marsabit hufuata, kwa kiasi kikubwa, mipaka ya visima na malisho, na kila kijana wa huku anajua kisima kipi ni cha nani. Mei 2022, miezi mitatu kabla ya uchaguzi, serikali ililazimika kuweka kafyu Marsabit kwa sababu ya mauaji. Hatusemi kwamba mipaka ya uchaguzi ndiyo inayoua. Tunasema kiti kikipungua, kila kifo cha mchungaji kitasomwa kama hesabu ya kura, na sisi ndio tutakaokuwa tunazika.

Kuna na mpaka wa nchi. Mbunge wa North Horr ni mwakilishi wa watu wanaopakana na Ethiopia kwa nchi kavu na kwa maji. Karibu asilimia 90 ya maji ya Ziwa Turkana hutoka Mto Omo, na bwawa la Gibe III lililozinduliwa huko Desemba 2016 limebadili jinsi maji hayo yanavyoingia. Mwaka 2018 hifadhi za Ziwa Turkana, Sibiloi ikiwamo, ziliwekwa kwenye orodha ya Urithi wa Dunia ulio hatarini. Pale Koobi Fora ndipo fuvu maarufu lenye namba 1470 lilipopatikana mwaka 1972, na Illeret ndiko zilikochimbuliwa nyayo za binadamu wa kale zenye umri wa miaka milioni 1.5. Dunia nzima huja kwetu kutafuta ilikoanzia, na mvuvi wa Illeret anayeishi juu ya nyayo hizo anahitaji mtu wa kumuuliza waziri kuhusu maji ya Omo. Marehemu Godana, aliyetuwakilisha tangu 1988 na akawa Waziri wa Mambo ya Nje, alikuwa ameandika kitabu mwaka 1985 juu ya sheria za mito inayotumiwa na nchi nyingi za Afrika. Ujuzi wa namna hiyo ulifika Bungeni kwa sababu palikuwa na kiti cha kuufikisha.

Tunapodai haki nje, tunadaiwa haki ndani, na chama hiki hakitalikwepa. Wagabra ndio wengi katika eneo bunge hili. Matawi yetu matano, Algana, Gara, Galbo, Odola na Sharbana, kila moja lina yaa yake, yaani makao ya wazee wake wa mila, na uamuzi wa wazee wa yaa una uzito mkubwa hata katika siasa za kisasa. Tunauheshimu utaratibu huo, umetuepusha na mengi. Hata hivyo, wazee wanapokubaliana mgombea kabla ya kura, sauti ya Wadasanach wa Illeret haimo, ya wanawake haimo, na ya vijana walioko fora hufika ikiwa imechelewa. Tangu 1988 wabunge wetu wote wamekuwa wanaume. Chama kinawaomba wazee wa yaa wafungue mabaraza hayo, na kinavitaka vyama vya siasa vifanye michujo halisi katika wadi zote tano. Vilevile tunatamka wazi kwamba wadi ya Illeret, miongoni mwa wadi 1,450 za nchi hii, isiguswe. Jamii ya Wadasanach ni ndogo, na wadi hiyo ndiyo nafasi yao ya pekee ya uhakika katika Bunge la Kaunti. Hatuwezi kuiambia Kenya iwalinde wachache halafu tuwasahau wachache wetu.

Muda wa miaka 12 uliowekwa na Katiba kwa ajili ya mapitio ulipita Machi 2024, Tume ikiwa haina mwenyekiti wala makamishna tangu Januari 2023. Makamishna wapya waliapishwa Julai 2025. Wamerithi kazi iliyochelewa, na tunahofu kazi iliyochelewa itafanywa kwa pupa.

Kwa hiyo tunaitaka Tume, itakapoanza mapitio, ifanye vikao vya kusikiliza wananchi katika makao ya kila wadi: Dukana, Maikona, Turbi, North Horr na Illeret. Kikao cha mjini Marsabit hakitoshi, hata kikipewa ukumbi mzuri. Vifanywe katika majira ya mvua, fora zikiwa zimerudi, na kwa lugha zinazosemwa na watu wa pale, Kigabra na Kidasanach zikitangulia. Maoni yaandikwe na yasomwe mbele ya waliotoa kabla ya kufungwa kwenye faili.

Tunalitaka Bunge, kwa utaratibu wa marekebisho uliomo ndani ya Katiba, lirekebishe kifungu cha 89 ili ukubwa wa eneo na ugumu wa kulifikia viwe na uzito wao wenyewe, na ili maeneo bunge yaliyolindwa mwaka 2012 yaendelee kulindwa. Wabunge wa maeneo hayo 27 wako Bungeni leo. Kutoka Lamu hadi kwetu, tunawaomba waache vyama vyao mlangoni kwa suala hili na waanze kuketi pamoja sasa.

Tunaitaka serikali ya taifa itenge ofisi za kuhamahama za kuandikisha vitambulisho. Agizo la Februari 2025 la kuondoa uchunguzi maalumu wa ukoo kwa waombaji wa maeneo ya mpakani tulilipokea kwa shukrani, kwa kuwa kijana wetu alikuwa akiulizwa babu yake ni nani wakati kijana wa kaunti nyingine haulizwi. Kilichobaki ni umbali. Kijana wa Balesa anayetumia siku tatu na nauli ya kondoo mmoja kufuata kadi atarudi fora bila kadi, na bila kadi hawezi kuandikishwa kuwa mpiga kura. Ofisi imfuate kisimani. Maafisa wa chanjo ya mifugo hufika huko. Maafisa wa usajili nao wanaweza.

Tunalitaka pia Shirika la Taifa la Takwimu, linapoandaa sensa ijayo, lifikirie upya mwezi wa Agosti kwa kaunti za wafugaji, au liweke wahesabuji wanaofuata fora badala ya kuwangoja vijijini.

Kwa upande wetu, chama kitaandaa waraka wenye ramani ya visima, njia za mifugo, malisho ya kiangazi na ya masika, na muda unaotumika kufika kila kituo cha kupigia kura wakati wa mvua na wakati wa ukavu. Kazi hiyo itafanywa na wenyeji wa kila wadi, wazee na vijana pamoja, na nakala zitawekwa kwa machifu ili kila mkazi aone kilichosemwa kwa jina lake. Waraka huo tutaukabidhi Tume. Mapitio yakipunguza kiti chetu licha ya hayo yote, tutakwenda Mahakama Kuu ndani ya siku zetu 30, na mawakili wataanza kutafutwa leo.

Tunaiomba Tume itujibu kwa maandishi, na itaje mahali na majira ya vikao vya wadi zetu tano kabla ya zoezi kutangazwa.

Limetolewa na Kamati Kuu ya chama kwa niaba ya wanachama wa wadi zote, mjini North Horr, Kaunti ya Marsabit.